Mbona filamu yangu ya upweke haimgusi mtu?

Swali: "Shikamoo mwalimu. Nimeandika skripti ya filamu fupi, kurasa 12, kuhusu kijana anayeitwa Sefu aliyehamia mji asioujua kwa ajili ya kazi. Pale hana ndugu wala rafiki, na akifungua mdomo tu lafudhi inamtaja kuwa si wa pale. Sitaki mbwembwe. Nina simu yenye kamera nzuri, maikrofoni moja, marafiki wawili wa kunisaidia na siku mbili za kushuti. Nimejaribu sini tatu za mwanzo. Niliowaonyesha walisema 'inahuzunisha', halafu wakarudi kwenye simu zao. Nimekosea wapi? Niweke muziki? Niweke sauti ya Sefu akisimulia mawazo yake? Na je, dakika 12 ni nyingi?"

Jibu:

Marahaba. Skripti nimeisoma yote, na zile sini tatu nimezitazama mara mbili, mara ya pili nikiwa nimezima sauti. Kazi yangu ni kuhariri, kwa hiyo usishangae nikianza kwa kuhesabu. Katika dakika tatu na ushei ulizonitumia, hakuna binadamu anayeingia kwenye fremu isipokuwa Sefu. Kaketi kitandani anatazama ukuta. Kasimama dirishani. Anatembea jioni, kamera iko mgongoni mwake. Na filamu yenyewe inamhusu mtu asiyepata nafasi miongoni mwa watu. Hao watu wako wapi?

Mtu aliye peke yake chumbani, kwenye skrini, hasomeki kuwa mpweke. Anasomeka kuwa amepumzika, au amechoka, au anangoja kitu. Mtazamaji hana cha kumpimia. Hili nalijua kwa aibu, maana filamu ya kwanza niliyoiongoza mwenyewe ilikuwa na shoti ya sekunde 40 ya bwana mmoja dirishani, mvua inanyesha, kinanda kinalia chini chini. Nilijiona nimemaliza. Baada ya kuonyeshwa, mama mmoja mtu mzima alinifuata akaniuliza kwa upole: "Yule alikuwa anamsubiri nani, na mbona hakuja?" Nilinuna wiki nzima. Lakini mama yule alikuwa ameiona filamu yangu vizuri kuliko mimi. Ukimsimamisha mtu dirishani, umemwahidi mtazamaji kwamba barabara italeta kitu. Niliahidi bila kujua, na sikutimiza.

Kabla hatujaigusa kamera, tuweke sawa jambo la lugha, maana Kiswahili kina maneno kadhaa hapa na skripti yako imeyachanganya. Kuna faragha, ambayo mtu huitafuta mwenyewe na kuifurahia. Kuna ukiwa, wa aliyefiwa au aliyeachwa, pale nyumba iliyokuwa na watu inapobaki kuta. Kuna upweke, ambao humpata mtu hata akiwa na mke na watoto wanane mezani. Na kuna ugeni. Juu ya ukurasa wa kwanza umeandika "Mpweke", lakini kila nilichokipenda humo ndani ni cha ugeni: lafudhi, kucheka kwa kuchelewa kwa sababu mzaha hakuudaka, na ile sini fupi ya ukurasa wa 7 ambamo mlinzi anamwambia "karibu" mtu aliyepita mlango huohuo kila asubuhi kwa miezi sita.

Hiyo "karibu" umeipitia kwa mistari miwili kana kwamba ni salamu tu. Mimi ningeijenga filamu nzima juu yake. Wahenga walisema mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Methali hii tumezoea kuwasutia wageni wasiotaka kufanya kazi. Hebu mfikirie sasa mgeni anayelitamani hilo jembe na hapewi. Kila siku anaambiwa karibu, keti, usijisumbue, acha tu tutafanya wenyewe. Hakuna anayemtukana. Wanamheshimu, na heshima hiyo ndiyo inayomweka nje. Mwenyeji hakaribishwi mahali. Anaambiwa "umechelewa", "leta hicho", "sogea". Siku Sefu atakapoambiwa "hebu sogea bwana, unaziba", mtazamaji aliyefuatana naye dakika saba atafurahi kwa namna ambayo hakuna mazungumzo ungeyaandika yangeileta.

Sasa tuiangalie sini ya 4, ambayo bado hujaishuti. Umeandika: "Sefu amekaa kwenye kona ya ofisi. Wenzake wanacheka. Anajisikia kutengwa. Machozi yanamlengalenga." Sentensi ya tatu haipigiki picha. Mpe mpigapicha yeyote karatasi hiyo umuulize aiweke wapi kamera ili apate "anajisikia kutengwa". Atakwambia uso, karibu, na mwigizaji alie. Ndiyo maana ya nne ikafuata. Mimi ningeifuta yote niandike hivi:

Mwisho wa siku ya kazi. Watu watano wanajipanga mbele ya dirisha wapige picha, mmoja wao kesho anahamia idara nyingine. "Njooni, njooni, mwanga unaisha!" Sefu anaacha alichokuwa akifanya. Ananyoosha kola ya shati. Anapiga hatua mbili kuelekea kulia kwa kundi, pale penye nafasi ya mtu mmoja. Dada aliye mwisho wa safu anageuka, anatabasamu kwa moyo safi kabisa, anamkabidhi simu yake. "Tusaidie, Sefu." Anaipokea. Anarudi nyuma. Tunawaona ndani ya kioo cha simu, wamebanana, wanacheka, na ile nafasi ya kulia imeshajazwa na bega la mtu. "Moja tena," anasema Sefu. Wanatabasamu tena. "Na nyingine." Kisha anairudisha simu, wao wanaizunguka kuitazama picha, vichwa vinagusana, naye kabaki na mikono miwili asiyojua aipeleke wapi.

Katika toleo lako Sefu hataki kitu. Amewekwa kwenye kona na mwandishi. Hapa anataka kitu kidogo mno, kusimama kulia kwa watu watano, na anakikosa mbele ya macho yetu bila mtu yeyote kufanya kosa. Upweke wenyewe kamera haiwezi kuuona. Inachoona ni mtu anapojaribu kutoka humo. Kola iliyonyooshwa ni muhimu kuliko machozi yote uliyoyapanga, kwa sababu kola inatueleza kwamba kwa sekunde moja aliamini. Na ile "moja tena" usiipuuze. Anazidisha picha kwa sababu, muda wote simu ikiwa mkononi mwake, watu watano wanamtazama yeye na kutabasamu. Mwigizaji wako asijue hesabu hiyo. Mwambie tu ahakikishe hakuna aliyefumba macho.

Kisha usiendelee kuibonyeza. Hakuna haja ya sini ya usiku ambamo Sefu anatamani picha aliyoipiga mwenyewe. Inatosha kesho yake wakikutana koridoni amuulize yule dada, "Ile picha ilitoka vizuri?", naye ajibu huku akipita, "Ilitoka vizuri sana!" Basi, kata hapo. Picha iko kwenye simu yake, na wazo la kumtumia halijamjia kichwani.

Hapo nimefika kwenye jambo ambalo huenda utanichukia kwalo. Bosi wa ukurasa wa 9, yule anayeiga lafudhi ya Sefu mbele ya watu, mtoe. Najua watu wa namna hiyo wapo, na najua pengine sini hiyo umeitoa kwako mwenyewe. Imeandikwa kwa uchungu usio wa kubuni. Lakini ukimleta mtu mbaya kwenye filamu ya dakika chache, mtazamaji anashusha pumzi. Amepata wa kumlaumu, na wa kumlaumu si yeye. Sini ya picha haimpi nafasi hiyo. Ataikumbuka siku aliyomkabidhi mtu simu yake na kumwambia "tusaidie", na hatakumbuka kama mtu yule alikuwa amenyoosha kola. Kama sini ya bosi ni lazima ibaki, basi Sefu aigwe kwa mapenzi: rafiki wa kazini airudie namna yake ya kutamka neno fulani akidhani ni utani wa kuzoeana, wote wacheke, na Sefu acheke pia, nusu sekunde nyuma yao. Hiyo nusu sekunde utaipata kwa mwigizaji, au utaitengeneza kwangu mezani kwa kukata. Ni kama fremu 12 tu, yaani picha 12 kati ya zile 24 au 25 zinazopita kila sekunde.

Kuhusu uigizaji. Kijana uliyempata ana uso mzuri, ila umemwambia awe na huzuni, naye mtiifu, anahuzunika kuanzia "tayari" hadi "kata". Wanafunzi wote wa uhariri huambiwa habari za mwongozaji wa Urusi, Lev Kuleshov, ambaye katika miaka ya mwanzo ya sinema anasimuliwa kuwa alichukua uso uleule wa mwigizaji Ivan Mosjoukine, usioonyesha hisia yoyote, akauunganisha mara na bakuli la supu, mara na jeneza, mara na mwanamke aliyejilaza kwenye kochi. Watazamaji wakasifu jinsi mwigizaji alivyoionyesha njaa, kisha majonzi, kisha tamaa. Hisia waliileta wao. Uso wenye huzuni tayari hauwaachii kazi, na mtazamaji asiye na kazi hushika simu, kama walivyofanya wako. Mpe Sefu shughuli ya mikono katika kila sini: afunge kamba ya kiatu, apange makaratasi, atafute ufunguo. Ukiona amesahau kuwa anatazamwa, usiseme "kata". Acha iendelee.

Kamera, basi. Swali la kwanza kwa kila shoti ni la makazi: kamera inakaa kwa nani? Unaweza kuiweka upande wa kundi, Sefu akiwa nyuma, mdogo, ukungu kidogo. Unaweza kuiweka upande wake, kundi likawa migongo na viwiko. Hizo ni filamu mbili tofauti. Sini zako tatu zinarukaruka kati ya hizo kwa sababu tu chumba kilikuwa kidogo ukatafuta pa kusimama. Ushauri wangu: kaa upande wa Sefu filamu nzima, ila mara moja tu uvuke. Mara hiyo moja iwe sini ya picha, ndani ya kioo cha simu, kwa kuwa hapo kamera ni yake, na kwa kweli ndiyo kazi pekee aliyopewa.

Umbali una siri yake, na watu wengi wanailaumu lenzi bure. Ukisogea karibu na mtu ukatumia lenzi pana, vitu vya nyuma yake vinaonekana vimekimbilia mbali. Ukirudi nyuma mita nyingi ukavuta kwa lenzi ndefu, watu waliosimama mbalimbali wanaonekana wamegandana. Kinachobadilisha ni mahali ulipoisimamisha kamera. Lenzi inakulazimisha tu usogee au urudi. Kwa hiyo kundi lipige kutoka mbali kwa lenzi ndefu, wabanane kama familia. Sefu mpige kutoka karibu kwa lenzi kuu ya simu, ambayo kwa simu nyingi ni pana, karibu sawa na milimita 24 hadi 28 kwa kamera kubwa, na ukuta wa nyuma yake utajitenga wenyewe. Mtu yeyote asiyejua habari ya lenzi ataona kuna hewa nyingi mno kuzunguka huyu kijana. Hatajua kwa nini, na asijue.

Ile fremu ya mtu mdogo kwenye kona ya chini na anga kubwa juu yake, umeitumia mara tano katika dakika tatu. Imeshachoka duniani kote. Bakiza moja.

Jambo jingine unaloweza kufanya bila gharama yoyote: acha kamera iendelee kurekodi baada ya Sefu kutoka kwenye fremu. Hesabu moja, mbili, tatu, nne kimyakimya ndipo useme "kata". Wewe unakata mara mguu wake unapopotea. Mhariri akipata sekunde zile nne za kiti kitupu, au za watu waliobaki wakiendelea na maongezi yao pasipo kugundua kwamba mtu ameondoka, ana dhahabu mkononi. Mara nyingi nimemaliza sini kwa sekunde ambazo mwongozaji hakujua amezipiga.

Ya kiufundi nitayataja upesi. Funga fokasi, mwangaza na rangi kwenye simu, usiiache ijiamulie. Katika sini yako ya dirishani skrini inapauka na kukolea mara tatu kila Sefu anapogeuza kichwa, na hilo linamwamsha mtazamaji usingizini vibaya. Kama umeme wa mahali ulipo ni wa hezi 50, piga fremu 25 kwa sekunde na shata (muda ambao kila fremu inapokea mwanga) 1/50 ya sekunde. Kama ni wa hezi 60, fremu 24 na shata 1/60. Vinginevyo taa za ofisini zitatetemeka kwenye picha, na tatizo hilo mezani halina dawa nzuri. Kamera itulie kwenye stendi. Wengi hudhani filamu isiyo na mbwembwe lazima itikiswe mkononi. Mkono unaotetemeka nao ni mbwembwe, tena ya kelele.

Sauti ndiyo ninayotaka uipe siku yako ya pili karibu nusu nzima, kwa sababu filamu ya mgeni inaishi masikioni kuliko machoni. Jiulize Sefu anasikia nini akiwa chumbani. Si kimya. Anasikia maisha ya wengine: mlango wa jirani, vicheko vya ghorofa ya juu, watu wanaopanda ngazi wakiongea mpaka wanapita mlangoni kwake na sauti inaendelea kupanda. Sini yako ya kitandani, ile iliyokufa, ningeifufua kwa kitu hicho tu. Sefu anafunga kamba ya kiatu. Nje nyayo zinapanda, watu wawili, wanacheka. Zinakaribia. Mikono ya Sefu inasimama. Nyayo zinapita. Mikono inaendelea kufunga. Shoti moja, uso hata usionekane, kamera ikae usawa wa goti. Hutahitaji mwigizaji wa pili. Tembea wewe na rafiki yako kwenye ngazi, maikrofoni ikiwa ndani ya chumba, mlango umefungwa. Usirekodi vicheko karibu na maikrofoni halafu uvififishe kwenye kompyuta. Ukuta una namna yake ya kuzimeza sauti, na sikio huitambua.

Kila mahali unaposhuti, kabla hamjafungasha, wote wanyamaze na urekodi dakika nzima ya chumba kikiwa vilevile. Kila chumba kina mvumo wake, na nikikata kutoka shoti moja kwenda nyingine bila mvumo huo chini yake, utasikia mashimo. Katika filamu yenye maneno mengi mashimo hufichika. Katika yako yatakuwa yanapiga kelele. Mazungumzo yarekodi kilele chake kikiwa karibu na desibeli 12 chini ya sifuri (sifuri ni pale sauti inapoanza kupasuka), maikrofoni isizidi nusu mita kutoka mdomoni, nje kidogo ya fremu. Friji izime. Watu wa kazi hii wana mazoea ya kuweka ufunguo ndani ya friji waliyoizima nyumbani kwa watu, ili wasiweze kuondoka bila kuifungua na kukumbuka kuiwasha. Inachekesha mpaka siku utakayoharibu vitu vya mwenye nyumba.

Muziki usiweke. Umesema hutaki mbwembwe, na kinanda kile ulichotia kwenye sini ya tatu ni wewe unayemshika mtazamaji mkono na kumwonyesha pa kulia. Kama ni lazima muziki uwepo, uwe unatoka mahali ndani ya filamu, kama redio ya chumba cha pili, na ukatwe pale mtu anapoizima.

Sauti ya mawazo ni habari nyingine. Hiyo siikatai moja kwa moja. Mfano ninaoupenda ni wa Ousmane Sembène wa Senegal, katika filamu yake ya mwaka 1966, *La Noire de...* Diouana ametoka Dakar kwenda kufanya kazi katika nyumba ya Wafaransa mjini Antibes, Ufaransa. Mbele ya waajiri wake ni kana kwamba hana maneno. Anajibu kwa neno moja mawili. Lakini ndani tunamsikia akiongea kwa kirefu, anauliza, anakasirika, anapanga, anadhihaki. Sauti hiyo hata si ya mwigizaji mwenyewe Mbissine Thérèse Diop. Iliwekwa na Toto Bissainthe. Inafanya kazi kwa sababu kinachosemwa ndani na kinachoonekana nje havifanani, na nyufa kati ya hivyo viwili ndizo filamu. Sasa soma usimulizi wako: "Najisikia mpweke katika mji huu. Hakuna anayenijua." Uso unasema hivyo, mwili unasema hivyo, chumba kinasema hivyo, na sauti nayo inakuja kukariri. Kama Sefu atasimulia, asimulie uongo. Awe anamwandikia mtu wa nyumbani: "Huku watu wakarimu sana. Jana tumepiga picha ofisini, nikiipata nitakutumia." Sentensi hizo mbili ziwekwe juu ya ile sini ya kola na hutahitaji nyingine. Ila chagua. Ama usimulizi huo, ama ile sini ya koridoni na yule dada. Ukiweka zote mbili unagongomea msumari ulioingia zamani.

Urefu. Taasisi inayotoa tuzo za Oscar huihesabu kuwa fupi filamu isiyozidi dakika 40, majina ya wahusika yakiwemo, kwa hiyo kisheria uko salama sana. Tatizo lako ni jingine. Ile kanuni ya ukurasa mmoja kwa dakika moja imepimwa kwa skripti zenye mazungumzo. Skripti ya mtu asiyeongea hudanganya: "anapanda ngazi" ni maneno mawili na huenda ni sekunde 30. Kurasa zako 12 jinsi zilivyo ni dakika 16 au 17, na siku mbili kwa watu watatu hazitatosha. Punguza mahali pa kushuti pawe patatu: chumba, ngazi, ofisi. Matembezi ya jioni yaondoke. Nayajua matembezi hayo, kila mtu huyapiga, nami nimeyatupa kwenye filamu zaidi ya ninavyoweza kukumbuka. Ukiishia dakika nane utakuwa umejitendea haki. Shoti 12 kwa siku ni nyingi za kutosha kwa kikosi chako, na panga za ofisi siku ya kwanza, watu watano wale wakiwa bado hawajachoka kukusaidia.

Nikirudi kwenye kundi hilo: tafuta watu wanaofahamiana kweli. Usichukue waigizaji watano wasiojuana ukawaambia wajifanye marafiki. Marafiki wa kweli wanagusana bila kufikiri, wanakatizana maneno, wanamaliziana sentensi. Sefu awe ndiye pekee asiyewajua, na usimkutanishe nao mpaka siku ya kushuti. Wape mada waongee wenyewe, chochote kilichowapata pamoja zamani. Sefu hataelewa wanachokicheka, na kucheka kwake kwa kuchelewa kutakuja kwenyewe. Ukimaliza, mweleze mwigizaji wako ulichofanya na umwombe radhi, maana si jambo la kufurahisha kufanyiwa.

Mwisho wa filamu, hapo sina jibu lililotulia. Wako unamletea Sefu rafiki, msichana wa kwenye ngazi, na wanatoka pamoja. Ni mwepesi mno; umemtoa mtu kisimani kwa helikopta. Kinyume chake, Sefu kufungasha na kurudi kwao, nacho tumekiona mara nyingi. Nilipokuwa nasoma, wazo lililonijia ni hili: miezi imepita, kundi linajipanga tena mbele ya dirisha, safari hii Sefu yuko ndani, bega kwa bega. Anaita, "Njooni, mwanga unaisha!" Kwenye ukingo wa fremu mtu mpya tusiyemjua ananyoosha nguo yake. Sefu anamkabidhi simu. "Tusaidie."

Naupenda, na kwa sababu naupenda naushuku. Unafungika vizuri mno, kama kisanduku chenye kufuli, na mtazamaji anaweza kutoka akisifu kufuli. Ukiuchukua, uharibu kidogo: Sefu asigundue alichofanya, asisite, uso wake usibadilike, na ukate kabla mtu yule mpya hajaipokea simu. Kama kuna hata dalili ya Sefu kukumbuka, ni hotuba. Au uache kabisa, umalize na mlinzi wa mlangoni asubuhi moja akimwona Sefu anapita na asiseme "karibu", asiseme kitu chochote, aendelee na gazeti lake. Huo ni mdogo zaidi, na nusu ya watu hawataudaka. Shuti yote miwili. Wa mlinzi ni shoti moja tu, na mezani utajua.

Utakapopata mkato wa kwanza, mwonyeshe mtu mmoja ambaye hajui inahusu nini. Usimuulize kama ameipenda. Keti ubavuni, mtazame yeye badala ya skrini, na uandike ni sekunde ya ngapi macho yake yaliondoka. Ukimaliza muulize Sefu alikuwa anataka nini. Akikujibu "rafiki", bado. Akikujibu "alitaka kuwemo kwenye ile picha", nitumie.

Na jina libadilishe. "Mpweke" linamwagiza mtazamaji ahisi nini kabla taa hazijazimwa. Ningeiita "Karibu", ila filamu ni yako.